Jina Nililolitoa Kwenye Wimbo

Clarisse, binti yangu,

Umetoka saa nne asubuhi kwenda kusukwa, na yule msusi wako wa Rockey Street namjua. Ataanza na kichwa chako, ataingiliwa na wateja wawili, ataagiza chipsi, atapiga simu Kinshasa, ndipo atarudi kwako. Kwa hiyo ninayo nafasi mpaka jioni. Nimefunika cherehani, nimezisukuma pembeni sare za kwaya ninazotakiwa kuzimaliza Jumamosi, na nimekaa na daftari lako la shule ulilobakiza kurasa tupu.

Habari za pasipoti, za chaja, za kushika begi mpakani, nimezisema mpaka ukanijibu, "Mama, niko sharp." Haya, uko sharp, sizirudii. Ninalokuandikia ni jambo moja ambalo nilikudanganya. Basi likifika Lubumbashi utapokewa na mtu anayelijua jambo hilo vizuri kuliko mimi, na sitaki ulisikie kwake kwanza. Hiyo ndiyo shida yangu yote ya leo.

Naandika kwa Kiswahili nikijua unakielewa kwa masikio kuliko kwa macho. Kiingereza changu ni cha kuuzia nguo, na Kizulu changu ni cha kumwambia dereva wa teksi anishushe kwenye robot, zile taa za barabarani. Ya moyoni sina lugha nyingine. Ukikwama mahali, mpe mama yako mdogo Fifi akusomee. Nimefikiria sana kabla ya kuandika sentensi hiyo, na nimeiacha.

Ulikuwa na miaka kumi uliponiuliza kuhusu ile picha iliyo ukutani karibu na friji. Mimi niko mbele na kitambaa cha manjano kichwani, mdogo wangu Fifi yuko kando yangu, Emmanuel yule Mrundi yuko nyuma, na baba yako, Mungu amrehemu, amewazidi wote urefu. Ukauliza wale wengine walikwenda wapi. Nikakujibu kwamba Emmanuel alihamia Durban, baba yako unajua alifariki, na Fifi alituacha kwa wivu. Nilisema alinionea wivu kwa sababu watu walikuwa wanalijua jina langu na si lake. Uliamini. Mwaka uliofuata nikakusikia ukimweleza jirani hivyo hivyo, kwa Kiingereza, ukimwonyesha Fifi pichani kwa kidole, nami nikaendelea kukata vitunguu.

Fifi hakuwa na wivu. Sijawahi kukutana na mtu asiye na wivu kama yeye, na ukweli ni kwamba hilo lenyewe lilikuwa likiniudhi.

Tulifika Joburg wawili kutoka Likasi, tukapata nusu ya chumba Bertrams, nusu nyingine ikiwa ya familia ya watu wa Uvira, pazia katikati. Siku za mechi kelele za uwanjani zilikuwa zikiingia mpaka kwenye sufuria. Mimi nilishona kwa mtu, Fifi akapata kazi ya ndani kwa wazungu wa kaskazini mwa mji. Kanisa letu lilikuwa gereji ya zamani, bado ilinuka matairi, na humo ndimo tulimokutana na baba yako na Emmanuel. Baba yako alikuwa mlinzi. Alikuja ibadani moja kwa moja kutoka lindoni, na sare yake ya kazi, akalala wakati wa mahubiri na kuamka wakati wa nyimbo. Siku tuliyoimba wanne kwa mara ya kwanza, bila gitaa, bila ngoma, nilisikia kitu ambacho sikukisikia tena popote. Mimi sauti ya kwanza, Fifi ya pili, Emmanuel ya tatu, baba yako besi. Watu wakaanza kutuita Sauti Nne, na tukaimba kila mahali palipokuwa na viti vya plastiki: harusi, matanga, ubarikio, ufunguzi wa saluni.

Nikuambie jinsi tulivyofanya kazi, maana hilo hukuliona kamwe. Katika uimbaji wa namna ile hakuna anayeimba peke yake hata akiwa mbele. Fifi alijua ninavuta pumzi wapi. Nikikata pumzi, yeye anajaza pale, na msikilizaji hajui kwamba nimenyamaza. Nikichoka, ananipokea mstari mzima na mimi nashuka chini yake. Watu walikuwa wakisema, "Mama Odette ana pafu la ng'ombe." Lilikuwa pafu la Fifi.

Kisha mama yetu akafa kule Likasi. Jina lake lilikuwa Ngoie. Wewe nimekutajia "bibi" tu maisha yako yote, na sababu yake utaiona mbele kidogo.

Hatukwenda kumzika. Karatasi zetu za ukimbizi zilikuwa za namna ile kwamba ukivuka mpaka umezitupa mwenyewe. Fifi alitaka kwenda hata hivyo. Mimi ndiye mkubwa, mimi ndiye niliyesema hapana, na nilisema kwa sauti ya mtu mwenye akili. Tukakaa matanga siku tatu nyuma ya pazia letu, bila maiti, bila kaburi, watu wa Uvira wakitupikia.

Fifi alikuwa ameipokea simu ya msiba akiwa kazini. Tajiri wake hakuwa mtu mbaya, lakini sebuleni kulikuwa na wageni, akamwomba akaongelee nje. Fifi akasimama kwenye mlango wa jikoni, kati ya ndoo na mifagio, na hapo ndipo alipoambiwa kwamba mama hayupo. Aliniambia kwamba alipoishusha simu alimwona Mungu amesimama naye pale pale kwenye ndoo, kwa sababu hakuna mahali pengine ambapo wangewaruhusu wawili hao kusimama. Wiki ile ile akaandika wimbo. Unaujua, umekua nao, lakini uliujua kwa namna moja tu. Hivi ndivyo Fifi alivyouandika:

*Wewe Bwana wa mlango wa nyuma,*
*unajua ndoo zinakaa wapi.*
*Mwite mama Ngoie aingie,*
*amechoka kusimama nje.*

Sasa naona umesimama kwenye mstari wa tatu. Simama hapo hapo.

Kuna desturi moja ya watu wetu ambayo umeizoea mpaka huioni. Mwimbaji wa kwetu hutupa majina. Katikati ya wimbo anamtaja mtu mwenye gari, mtu mwenye duka, na huyo anayetajwa anainuka mbele ya kusanyiko lote, anacheza kidogo, anakuja kukubandika noti kwenye paji la uso. Kwenye baa wanafanya hivyo na kanisani wanafanya hivyo, isipokuwa kanisani tunaita kumshukuru mlezi. Sikatai kwamba ina uzuri wake. Mtu aliyedharauliwa mjini wiki nzima anasikia jina lake likiimbwa, hilo si dogo. Lakini jina la mtu hai likiingia kwenye wimbo, linataka nafasi. Na nafasi haipanuki.

Mlezi wetu alikuwa Papa Simeon, mwenye yale malori ya kupeleka mizigo Lubumbashi. Alikuwa mcheshi, mkarimu, mwenye harufu nzuri, na mke wake Mama Clarisse alivaa kitenge kipya kila Jumapili. Naam, Clarisse. Subiri, nitafika huko.

Yeye ndiye aliyetupeleka kurekodi. Ilikuwa Newtown, kwenye jengo la zamani la matofali, fundi mitambo kijana wa Soweto asiyejua neno letu hata moja. Mimba yako ilikuwa na miezi sita, na nilikuwa nimeegemeza mgongo ukutani ili nisichoke. Papa Simeon akakaa kwenye kiti upande wa pili wa kioo. Tukaimba Mlango wa Nyuma mara moja, wote wanne, kama ulivyo. Fundi akasahau kuzima mashine. Baba yako alikuwa akifuta macho na mkono wa koti lake la ulinzi.

Papa Simeon akaja upande wetu, akatusifu sana, halafu akauliza, "Huyu Ngoie ni nani? Nani hapa Joburg anamujua?"

Nikamjibu, "Ni mama yetu, Papa. Alikufa mwaka jana."

Akasikitika kweli, akavua kofia. Kisha akasema, kwa utani wake ule ule, "Mungu amupokee. Lakini mufu, hata ukimutaja mara mia, hatasimama kanisani."

Nikacheka.

Nimeandika neno hilo peke yake ili usilipite. Sikulazimishwa, sikutishwa, hakuna aliyenishika koo. Mtu mkubwa alifanya utani juu ya mama yangu ambaye sikumzika, na mimi nilikuwa wa kwanza kucheka, tena nilicheka kwa sauti, kwa sababu nilikuwa nimekwisha kuona anataka nini na nilitaka aone kwamba mimi si mgumu. Kabla Fifi hajafumbua mdomo nikasema, "Hakuna shida, Papa, tunabadilisha." Tukabadilisha. Ukawa ule mstari unaoujua wewe: *Mwite Papa Simeon aingie, amechoka kusimama nje.* Mtu mwenye malori manne. Mtu ambaye tangu azaliwe sidhani kama alisimama nje ya mlango wowote zaidi ya dakika moja.

Fifi akavua vile vya masikioni, akaviweka juu ya kiti taratibu, akakaa chini. Hakugombana. Alisema mstari ule hataimba, na kwamba wimbo uliobaki wautumie tu, ameshauimba. Emmanuel akaangalia viatu vyake. Baba yako akaniangalia mimi, na mimi nikamwangalia fundi. Fundi akasema si tatizo, Mama Odette aimbe sauti zote mbili, ya kwanza halafu ya pili, ataziunganisha. Nikaimba ya kwangu, kisha nikaimba ya Fifi, naye amekaa mita mbili kutoka kwangu, mikono mapajani.

Wewe umewahi kuniambia kwamba mahali unapopapenda kuliko pote kwenye wimbo ule ni pale pa jina, kwa sababu sauti mbili zinafanana mpaka huwezi kuzitenganisha. Ulisema, "Mama, wewe na Fifi hapo ni kama mtu mmoja." Ni mtu mmoja. Ni mimi mara mbili. Na ukisikiliza vizuri, kabla ya neno "aingie" kuna pengo dogo, kama wimbo umejikwaa. Sote wawili ni mimi, na sote wawili tunavuta pumzi pamoja, na hakuna wa kujaza.

Fifi aliondoka baada ya wiki tatu. Nilimsindikiza kwenye basi kwa sababu watu wangeniona vibaya nisingemsindikiza. Kutoka Bertrams mpaka kituoni hakusema neno, nami nilisema mengi: kwamba bila mlezi hakuna kurekodi, kwamba mama mwenyewe angependa tufike mbali, kwamba wimbo ujao tutamtaja. Alipokwisha kupanda ngazi ya basi akageuka. Alikuwa ananiita yaya, kama wadogo wanavyowaita wakubwa wao kwetu.

"Yaya," akasema, "mama umemuacha inje."

Hayo ndiyo maneno ya mwisho tuliyosemezana. Ni miaka kumi na tisa sasa. Nilirudi nyumbani kwa miguu na nilikuwa na hasira naye, si aibu. Aibu ilikuja baadaye sana.

Sasa habari ya jina lako. Kwetu mtoto wa kike wa kwanza baada ya kifo cha bibi yake, jina lake halijadiliwi. Wewe ulikuwa Ngoie kabla hujazaliwa. Baba yako alikuwa akiongea na tumbo langu kwa jina hilo, na besi yake ile, mpaka ulikuwa ukigeuka. Lakini siku uliyozaliwa Mama Clarisse alikuja wodini na blanketi jeupe na beseni la kuogea na wanawake watatu wa kanisa nyuma yake, akakupakata, akasema, "Huyu anafanana na mimi." Wale wanawake wakapiga vigelegele. Unajua maana ya somo kwetu: ukimpa mtoto jina la mtu, mtu huyo hawezi kumwacha mtoto apate shida, ni kama amejiacha mwenyewe. Nikapiga hesabu zangu pale pale nikiwa nimelala chali. Nikaona shule yako, nikaona safari za Ulaya, nikaona Sauti Nne, hata bila Fifi, kwenye jukwaa lenye taa.

Baba yako alipokuja nikamwambia umeitwa Clarisse. Akauliza, "Na Ngoie je?" Nikamwambia tutaliweka la pili. Kwenye fomu kulikuwa na nafasi ya jina la pili, Clarisse. Nikaiacha tupu, kwa sababu niliona Mama Clarisse asingefurahi kuchangia jina na mwingine.

Somo yako alikuja kukuona mara mbili. Ulipokuwa na miaka mitatu wao walihamia Ubelgiji, na sikupata hata ujumbe baba yako alipofariki mwaka uliofuata. Hajui kama umemaliza matriki, mtihani wa mwisho wa shule. Sidhani kama anakumbuka kwamba upo.

Lakini wimbo ulikwenda, hilo hakuna anayelikataa. Ulipigwa kwenye saluni zote za hapa Yeoville, ulipigwa kwenye mabasi mpaka mpakani Kasumbalesa, ulipigwa kwenye harusi ya pili ya ndugu yake Papa Simeon, ambako watu walicheza. Nilialikwa Pretoria, Durban, Cape Town. Walinipokea kwa maua. Nikifika pale pa jina, kila mahali kulikuwa na papa mwingine aliyetaka awekwe yeye, nami nikawa naweka. Nimewaingiza watu wengi sana kupitia mlango ule. Wengine baadaye walifungwa.

Nilikuwa naimba ibada mbili na sherehe moja kwa siku, na sasa hakukuwa na wa kunipokea mstari nikichoka. Nilipata wasichana wa sauti ya pili, wazuri, lakini walikuwa wanaimba sauti ya pili, hawakuwa wananisikiliza. Koo likaanza kuuma, nikalinywesha tangawizi. Likaanza kukwaruza, nikasema ni vumbi la machimbo. Jumapili moja, kwenye kanisa lile lile la Bertrams, nilifika juu ya kiitikio na hapakuwa na kitu. Nilifumbua mdomo ikatoka hewa. Watu wakadhani nimeguswa na Roho, wakaanza kulia. Ulikuwa kiti cha mbele, una miaka saba, na wewe peke yako ndiye uliyeshtuka, kwa sababu ulinijua.

Jumapili iliyofuata nilikuta mwanamke mwingine ameshika kipaza sauti. Hakuna aliyeniambia neno, walinisogezea tu kiti. Aliimba Mlango wa Nyuma na akatupa majina yote ya walezi wapya, nami nikakaa pale nikingoja, nakuambia kweli, nikingoja kwa moyo wangu wote, anitaje. Hata kwa kifupi. Hakunitaja. Kwa nini angenitaja? Nisingeweza kuinuka na noti. Siku ile ndiyo niliyoelewa vizuri utani wa Papa Simeon.

Tangu hapo nawashonea wengine sare. Unanijua mimi huyu mwenye sindano mdomoni, anayewasema waimbaji wote wa redio. Nadhani ulidhani nimezaliwa hivi.

Na nina hasira na wewe pia, niiseme iishe. Miezi minne ulikuwa ukiongea na Fifi kwa simu nyuma ya mgongo wangu. Ulimtafuta mwenyewe, ukampata, ukamwimbia, akakuambia uje kwenye kwaya yake, na mimi nikaambiwa mwishoni kama jirani. Nilipokuuliza kwa nini hukuniambia, ulisema, "Eish, Mama, ungesema tu ana wivu." Nilitaka kukuzaba kofi. Halafu nikaona kwamba umenijibu kwa maneno yangu mwenyewe, nikarudi kwenye cherehani.

Nimekaa nikijiuliza yeye amekuambia nini. Nilikuwa nakuvizia usoni ukitoka kwenye simu. Hujabadilika. Unaniletea chai, unanitania, unalala na mguu wako juu ya wangu. Kwa hiyo hajakuambia. Miezi minne, na miaka kumi na tisa kabla yake, ameniachia mimi niseme. Hata katika hilo ananipa nafasi ya kuvuta pumzi, na sijui kama namshukuru au namchukia.

Sina mausia mengi, maana aliyeharibu hana haki ya kuhubiri. Nakuambia tu nilichokiona. Siku yenyewe haikuja na pembe kichwani. Ilikuja na mtu mcheshi aliyevua kofia. Sikuuza kitu siku ile kwa akili yangu, nilicheka tu, na yaliyobaki yakafuata kile kicheko kwa urahisi kabisa. Utakutana na watu wazuri watakaotaka nafasi ndogo kwenye wimbo wako. Wengine wape, usiwe mgumu kama mawe, kuimba ni kazi na kazi ina walezi. Lakini ujue mapema ni mahali gani hapatolewi, upajue kabla hawajauliza, kwa sababu wakishauliza mdomo unatangulia.

Na utafute mtu atakayejua unavuta pumzi wapi. Ukimpata usimwache apande basi.

Fifi atataka muimbe Mlango wa Nyuma. Najua atataka, ni wimbo wake, na amengoja sauti ya kwanza itakayouimba ulivyo. Imba. Mkifika pale pa jina, mtaje bibi yako kwa sauti yote uliyo nayo. Na mtu yeyote huko akikuomba utupe na jina la mama yako aliyebaki Joburg, hata akiwa Fifi mwenyewe, hata akikuambia ni kwa kunisamehe, kataa. Nimetaka jambo hilo sana, kwa hiyo najua nasema nini. Mstari ule unatosha mtu mmoja.

Jambo la mwisho. Huwasikia rafiki zangu hapa chini wakiwaita binti zao wadogo "mama"? Mama njoo, mama umekula? Ulishaniuliza ukiwa mdogo kwa nini wanafanya hivyo, nikakwambia ni mazoea tu. Si mazoea tu. Wale wamebeba majina ya bibi zao, na mama zao wanapowaita wanawaita kwa heshima ya yule aliyetangulia. Mimi sijakuita hivyo hata siku moja. Nimekuita Clarisse, jina zima, kama ninavyomwamkia mke wa mtu. Kuna mara nyingi, ulipokuwa na homa, ulipoanguka kwenye ngazi, neno lilifika kwenye ulimi nikalimeza, kwa sababu sikuwa na haki nalo. Hukujua umekosa nini. Mimi nilijua kila siku.

Kumbe jioni imefika. Nakusikia unapanda ngazi, nywele zimekwisha, na unaimba. Unaimba kwa nguvu kwa sababu ngazi zetu zina mwangwi na unapenda kujisikia. *Unajua ndoo zinakaa wapi.* Sauti yako ni nzuri kuliko yangu ilivyokuwa, sijawahi kukuambia. Sasa unafika pale. Unamwita Papa Simeon aingie. Na kabla ya "aingie" umekata pumzi, pale pale nilipoikata mimi, ukaliacha pengo lile lile, kwa sababu umejifunza kutoka kwangu na ukadhani ndivyo wimbo ulivyo.

Umebakiza ghorofa moja. Naikunja barua hii naitia kwenye begi lako chini ya viatu, uikute njiani nikiwa siko mbele yako.

Nenda salama, mama.

Odette, binti wa Ngoie